Mzee Anayegeuza Viti

Bujumbura, Jumapili, 10 Februari 2002

Mama Joëlla,

Mwezi wa saba unaisha tangu nilipovuka mpaka wa Gatumba na begi moja na viatu vya kaka yako. Viatu vimekwisha. Mabega bado yapo, ingawa la kulia huamka baada yangu. Nilikuambia mwanzoni kwamba hapa mimi ni fundi. Siyo. Mimi ni msaidizi wa fundi. Nabeba simenti, nabeba mchanga, nabeba maji, na kila anayekosa kitu ananiita mimi.

Nyumba tunayojenga iko Ngagara. Ni ya mfanyabiashara mmoja ambaye huja kuitazama akiwa ndani ya gari, hashuki. Tumefika ghorofa ya juu. Hewa ikiwa safi naiona milima ya kwetu ng'ambo ya ziwa, na chini yake mstari unaong'aa ambao nadhani ni mabati ya Uvira. Ni karibu kiasi kwamba naona aibu kuandika barua. Lakini unajua kwa nini siji. Baba yako husema nilikimbia, na ni kweli nilikimbia. Askari walinichukua mara mbili niwabebee masanduku mpaka milimani, na mara ya pili nilirudi nimevimba miguu, Joëlla akanikimbia. Hapa nabeba pia, lakini jioni wananiachia niende kulala.

Sasa sikia habari yenyewe. Kwenye televisheni ya hapa kuna saa moja kila Jumamosi alasiri ambayo wamewapa watu wa mitaani. Mtu yeyote anakwenda na anachokijua. Hakuna anayelipwa, hakuna anayeulizwa cheti. Nimeona mama mmoja wa Cibitoke akionyesha namna ya kusuka vikapu kwa nyuzi za magunia, muda wote akiiangalia kamera kama mbwa asiyemfahamu. Nimeona vijana wa Jabe wakiimba, mmoja akasahau maneno, akaendelea kufungua mdomo tu mpaka mwisho. Watu wanaipenda saa hiyo kuliko taarifa ya habari. Habari tunazisikia wenyewe usiku, kutoka milimani.

Na sisi tuna kitu chetu. Mchana, tukishakula maharage, kabla fundi Télesphore hajagonga mwiko kwenye ndoo kuturudisha kazini, huwa tunafanya mchezo. Tuko watatu: Télesphore, mimi, na Jovithe, mama anayetupikia. Tulianza kwa utani tu, siku moja mvua ilipotuzuia kufanya kazi. Kumbe dada mmoja wa televisheni, jina lake Danielle, shangazi yake anakaa ukuta wa pili. Alisimama pale akatutazama mpaka tukamaliza.

"Mzee, we unatoka wapi?" akaniuliza.

Nikamwambia mimi si mzee, nina miaka thelathini na minne.

"Sawa. Basi huyo mzee uliyekuwa naye sasa hivi anatoka wapi?"

"Ng'ambo," nikamwambia.

Ametuandikisha. Watatupiga picha Jumatano ya tarehe 20, na Jumamosi tarehe 23, saa kumi, tutaonekana. Nenda dukani kwa Chabani, antena yake inashika Bujumbura vizuri. Mpeleke Joëlla. Mchezo ni wa nini sikuambii, nataka ucheke bila kujiandaa.

Barua hii anakuletea mama Nura, yule anayevuka na kikapu cha samaki wakavu. Hapa mpakani wamemzoea. Mjibu kupitia kwake.

Mimi, mume wako,
Honoré


Uvira, Mulongwe, 17 Februari 2002

Baba Joëlla,

Mama Nura alinikuta natwanga majani ya muhogo ya sombe. Nimesoma barua yako nimesimama, kisha nimekaa nikaisoma tena. Kuhusu ufundi, nilijua. Fundi haombi mke wake amtumie dawa ya kuchua mabega kila mwezi.

Kuna jambo sikukuandikia, sasa naliandika kwa sababu limegeuka. Baada ya Noeli, baba aliniita barazani akasema: "Odette, mwanamuke hawezi kukaa kwa baba yake na mutoto, bwana yake iko upande wa pili anaangalia milima. Pasaka ikipita, kaka yako atakupeleka Bukavu kwa shangazi. Mi nitawaita wazee wa upande wao, mambo yaishe." Unaelewa maana ya yaishe. Nilitumaini atasahau. Lakini mzee Mugisho unamjua, hasahau.

Barua yako imefanya kazi ambayo mimi nilishindwa. Nilimsomea sehemu ya televisheni. Akauliza: "Televisheni ile ya Chabani?" Nikasema ndiyo. "Yeye mwenyewe? Sura yake?" Nikasema ndiyo, baba, sura yake. Akakohoa kikohozi chake cha mara mbili, halafu akasema nimtolee lile koti la kahawia nilipige pasi.

Unakumbuka alivyokuwa akiiita televisheni dirisha la wavivu. Sasa amewaalika wazee wawili wa kanisani, na amemtuma Joëlla kwa Chabani amwekee kiti cha mbele. Wale wazee nimewasikia wakimuuliza kama mkwe amekuwa mtu mkubwa huko. Akawajibu: "Mutu wanamuonyesha mbele ya watu wote, si mutu wa kutupa. Tutaona."

Kwake hiyo "tutaona" ni mlango uliofunguliwa kidogo, baba Joëlla. Usiupige teke. Vaa vizuri, lile shati lenye simenti liache. Chana nywele. Wakikupa nafasi ya kusema, msalimie kwa heshima, useme baba mkwe tu, jina lake usilitaje.

Joëlla anauliza kama ukiwa ndani ya televisheni utamwona yeye pia. Nimemwambia utajaribu.

Mke wako,
Odette


Bujumbura, Alhamisi, 21 Februari 2002

Mama Joëlla,

Usimpeleke baba.

Jana tumepigwa picha. Nilirudi chumbani kwangu Cibitoke nikipiga mluzi, nikakuta barua yako imepitishwa chini ya mlango, nikaisoma, nikakaa kitandani na viatu. Sikuvua mpaka asubuhi.

Nitakuambia mchezo sasa, ili uelewe. Mzee anakuja kuikagua nyumba ambamo binti yake ataolewa. Jovithe ndiye binti. Télesphore ndiye baba wa bwana harusi, mwenye nyumba. Nyumba yenyewe ndiyo hii yetu ya Ngagara, haina milango, kwa hiyo mzee anabisha hodi kwenye hewa. Anakaribishwa akae. Kabla ya kukaa anakigeuza kile alichopewa, anakitazama chini, anakohoa mara mbili. Viti hakuna, ni shantye, mahali pa ujenzi. Wanampa mfuko wa simenti, anaugeuza, unapasuka. Wanampa toroli, analigeuza, gurudumu linamzungukia usoni. Wanampa ndoo, anaigeuza, zege lote linaishia miguuni mwake, naye anaendelea kuuliza habari za ukoo kana kwamba hakuna kilichotokea. Mwishowe Télesphore anakata tamaa, anapiga magoti, anasema: "Baba, kaa basi kwenye mgongo wangu." Mzee anamshika kiuno amgeuze naye aone chini ana nini.

Sasa umemjua huyo mzee. Watu wa hapa hawamjui. Uvira nzima inamjua.

Nilikwenda kumwomba Danielle aturudishie kaseti. Akasema imeshaungwa na nyingine, haitoki. Nikamwambia kuna mzee atakasirika.

"Kila nyumba iko na mzee kama huyo," akasema. "Nani atajua ni nani?"

"Yeye," nikamwambia.

Kwetu mkwe jina la baba mkwe halitamki. Akimwona njiani anapisha, akila naye anainamisha macho. Mimi nimekwenda kumtembeza mbele ya nchi mbili, na zege miguuni. Sikuwa namdhihaki, Mama Joëlla, naomba uniamini hapo. Unakumbuka siku wazee wenu walipokuja kwa mjomba wangu kwa maneno ya posa. Mimi mwenyewe, kwa desturi, nilipaswa kukaa nje. Nilichungulia dirishani. Nikamwona baba yako amesimama katikati ya chumba, amekishika kiti chetu miguu juu, anakitazama chini. Midomo ya watu ilikuwa inakwenda na mimi sisikii neno. Nikajisemea, basi, hatutaki, hata viti vyetu havimtoshi. Baadaye mlikubali, lakini ile picha haijanitoka. Tangu siku ile namwogopa.

Na tangu nifike hapa, mchana nikiwa nimechoka, ndiye anayenijia. Sijui kwa nini ni yeye. Wewe na Joëlla nikiwafikiria sili. Yeye nikimfikiria nacheka, na nikicheka nakula.

Mdanganye. Sema jenereta ya Chabani imekufa. Mwambie Chabani auchomoe waya wa antena, nitamlipia soda nikirudi. Sema chochote.

Nampa mama Nura barua hii sasa hivi, kesho avuke nayo.

Honoré


Bujumbura, Jumapili, 3 Machi 2002

Mama Joëlla,

Mama Nura hakuvuka. Ijumaa ile ile asubuhi walifunga mpaka, mpaka leo umefungwa. Barua yangu bado iko kwenye kikapu chake, chini ya samaki. Hii nitaiweka juu yake, na siku watakapofungua utazipata pamoja, zote zinanuka ndagala.

Kwa hiyo siku ya tarehe 23 nilijua kwamba wewe hujui. Tulikwenda kutazama kwenye kabare moja, baa ndogo ya Jabe, nyuma ya soko. Télesphore alivaa tai. Jovithe alikuja na dada zake wote. Mimi nilikaa karibu na mlango nikitazama saa, nikijiambia: sasa wanatoka nyumbani, sasa wanafika kwa Chabani, sasa mzee anakaa. Ilipoanza nilifunga macho. Nikasikia watu wanaanza kucheka, kwanza wachache, kisha kabare yote, na nilipofumbua macho mwenye kabare alikuwa ameinamia friji anajipiga paja.

Nitakuambia kweli, kwa sababu uongo unanichosha. Nilifurahi. Niliogopa, na juu ya hofu nilifurahi. Tangu nizaliwe sijawahi kufanya kitu ambacho watu wengi wamesimama kukitazama. Shule niliiacha darasa la nne, kanisani huimbi karibu nami, na simenti niliyoibeba itapakwa rangi, hakuna atakayejua ilipita mgongo gani. Lakini kile kicheko kilikuwa changu, changu na cha Télesphore na cha Jovithe.

Tangu siku hiyo sipiti mtaani kwa amani. Kina mama wa nyanya pale Jabe wakiniona wanageuza visanduku vyao na kukohoa. Dereva mmoja wa basi la Ngagara alikataa nikae mpaka nikague kiti, na abiria wote wakangoja. Jovithe sasa anatia chumvi ya kutosha kwenye maharage. Danielle amekuja tena, anataka mchezo wa pili. Nimemwambia angoje. Hakuelewa kwa nini mtu aliyechekwa na mji mzima ana uso kama wa msibani.

Usiku nikilala nakiona kile kiti cha mbele kwa Chabani, na koti la kahawia. Nakuandikia bila kujua kama bado nina mke. Kama umeshaondoka kwenda Bukavu, atakayeipokea hii amwambie Joëlla kwamba nilijaribu kumwona kutoka ndani ya televisheni. Palikuwa na taa kali mno.

Honoré


Uvira, Mulongwe, 10 Machi 2002

Baba Joëlla,

Wamefungua jana. Nimepokea barua zako zote mbili na nimezianika kwenye kamba kabla ya kuzisoma. Sijaenda Bukavu. Bado.

Ukitaka kujua ilivyokuwa, ilikuwa hivi. Duka la Chabani lilijaa mpaka nje. Baba aliingia na koti lake, wale wazee wawili nyuma yake. Chabani alikuwa amempangusia kiti cha mbele, akasema karibu mzee wetu. Na baba, mbele ya watu wote, akakigeuza kile kiti, akakitazama chini, akakohoa mara mbili, akakaa.

Halafu ikaanza. Ulipotokea, watu wakapiga makofi. Baba akanyoosha mgongo. Ukabisha hodi hewani, watu wakacheka, hata wazee wa kanisani wakacheka. Ukapewa mfuko wa simenti. Ukaugeuza. Ukakohoa.

Sijawahi kusikia duka lililojaa watu likiwa kimya namna ile. Kila mtu alikuwa amekwishaona jambo lile lile dakika chache kabla, pale pale, kwenye kiti cha mbele. Hakuna aliyethubutu kumtazama baba. Na katika ule ukimya mtoto wako akasema kwa sauti yake ya kuitia mbuzi: "Baba anafanya kama babu."

Mtu mmoja nyuma alipasuka. Akatoka nje. Wakatoka na wengine wawili, tukawasikia wakicheka barabarani. Baba hakugeuka. Alitazama toroli, akatazama ndoo. Ulipomshika yule bwana kiuno umgeuze, niliona bega la baba linatetemeka, nikajua ni hasira. Ilipokwisha akasimama, akafunga kifungo cha koti, akamwambia Chabani: "Asante kwa kiti," akaenda zake nyumbani peke yake.

Tangu siku hiyo haongei nami ila kwa mambo ya chumvi na maji. Haketi barazani tena. Kaka yangu ameshanitafutia nafasi kwenye lori linaloondoka Jumanne baada ya Pasaka. Nguo za Joëlla nimezifua, sijui nazifua za safari au za nyumbani.

Nilikukasirikia sana. Nataka ujue hivyo. Uliniambia nicheke bila kujiandaa, ukaniacha nimkokote baba yangu mpaka kwenye aibu nikiwa nimempigia pasi koti. Na nataka ujue pia kwamba siku ile nilipofika nyumbani niliingia chumbani, nikaweka mto usoni, nikacheka mpaka Joëlla akaja kuuliza kama nalia. Ulimpata, baba Joëlla. Hata ule mkono anaouweka mgongoni anaposubiri jibu.

Jana jioni nilimsomea ulichoandika kuhusu dirisha, na leo asubuhi ameniambia nimwite Chabani aje na kalamu. Nikasema mimi najua kuandika. Akasema: "Apana. Hii si maneno ya kuandikiwa na mutoto wangu." Wako barazani sasa, wameninyima hata nafasi ya kufagia karibu. Chochote atakachoandika, mama Nura atakuletea pamoja na hii. Naogopa.

Odette


Uvira, 10 Machi 2002

Kwa mkwe wangu Honoré,

Anayesema ni mimi Mugisho. Anayeandika ni Chabani.

Mkwe na baba mkwe hawataniani. Hilo ulifundishwa, sitalirudia.

Nimekuona kwenye televisheni. Umekonda. Nina mambo ya kukuambia.

La kwanza. Umekosea. Mimi sikohoi kabla ya kugeuza kiti. Nageuza, natazama, ndipo nakohoa. Wewe kwenye ndoo ulikohoa mapema. Na mwenye nyumba sijawahi kumgeuza, hata wale waliostahili.

La pili. Kabla hujazaliwa nilifanya kazi kwa seremala mmoja hapa Kalundu. Kila kiti alichomaliza alikiwekea alama yake chini ya ubao, mahali asipopaona anayekaa. Alikuwa akituambia, anayetaka kumjua aliyemkalisha atageuza. Amekufa zamani, lakini mimi nageuza. Nikikuta alama ninayoijua, namkumbuka mtu. Nikikuta kazi mbovu, nakaa taratibu. Ni hayo tu. Watu wanadhani nakagua. Namsalimia aliyetengeneza.

La tatu, ndilo lililonifanya nimwite Chabani. Odette amenisomea ulichoandika kuhusu dirisha. Nilikuona siku ile, kichwa chako kilizuia mwanga. Nilidhani umesikia. Kumbe hukusikia, basi sikia sasa. Nilikigeuza kiti cha kwa mjomba wako. Hapakuwa na alama. Niliona misumari imezamishwa na matundu yamezibwa kwa nta, chini kule, ambako hakuna mtu angetazama. Nikauliza: "Nani ametengeneza hiki?" Mjomba wako akasema: "Kijana mwenyewe." Nikakohoa. Nikasema: "Basi tuongee." Nilikuwa nimekuja kukataa.

Miaka yote hii nimekuwa nikijiuliza mtu aliyeziba matundu ambayo hakuna anayeyaona anawezaje kumwacha mke wake na kukaa ng'ambo. Sisemi nimepata jibu. Nasema nimekuona ukiinua ile ndoo ya zege, nimeona mabega yako.

La nne. Mkwe aliyemkosea baba mkwe hatumi barua, hatumi mtu. Huja mwenyewe, mchana, watu wakimwona, amebeba kitu alichokitengeneza kwa mkono wake. Anasimama mpaka aambiwe kaa. Lori la Bukavu nimemwambia kijana wangu asililipie bado. Sikusema lisiende. Nimesema angoje mpaka Pasaka.

Mugisho

Assalamu alaikum, Honoré. Hapa ni mimi Chabani, mzee ameenda kunywa maji. Ameniambia niandike kwamba pale mwisho alicheka mara moja na kwamba usimwambie mtu. Kisha akasema nifute. Sikufuta. Na si mara moja. Kabla hatujaanza barua alinionyesha jinsi ulivyokosea kwenye ndoo, akaichukua ndoo yangu mwenyewe akaigeuza, kumbe ina maji, ikamponyoka ikapasuka.


Bujumbura, Jumapili, 17 Machi 2002

Mama Joëlla,

Nimesoma barua ya baba juu ya ghorofa, peke yangu, na kwa mara ya kwanza tangu nifike sikuitazama milima. Nilipoteremka Télesphore akaniuliza kama kuna msiba. Nikamwambia apana, nimepewa mke. Akasema: "Si ulikuwa naye?" Nikamwambia nilikuwa nadhani nimemwiba.

Nimetengeneza kiti. Télesphore alinipa mbao zilizobaki za kumwagia zege. Zilikuwa na simenti kila upande, nimezikwangua jioni tatu mpaka zikakumbuka kwamba ni mti. Msumeno niliazima Jabe. Mkono haujasahau, umechoka tu. Misumari nimeizamisha, matundu nimeyaziba, nta nimeipata kwa mshumaa wa Jovithe. Na safari hii chini ya ubao nimeweka alama. Sikuambii ni alama gani, baba ndiye atakayekuwa wa kwanza kuiona. Télesphore ameshakikalia mara moja bila ruhusa. Jovithe alimfukuza kwa mwiko wa maharage.

Sasa habari ya mpaka. Niliogopa kupita kizuizi cha askari wa upande wetu pale Kavimvira, unajua kwa nini. Mama Nura amenieleza jambo nikamfanya alirudie. Jumatano alipofika kwenye kizuizi, askari mmoja alimwambia aweke kikapu chini. Akakigeuza samaki wote wakamwagika, akakitazama chini, akakohoa mara mbili. Wenzake walicheka wakashika ukuta. Kumbe wao pia wana televisheni pale, na Jumamosi hawana kazi nyingi. Halafu akamsaidia kuokota samaki, jambo ambalo mama Nura anasema hajaliona tangu vita vianze. Akamuuliza: "Yule mzee wa viti, ni kweli ni mutu wa Uvira?" Mama Nura akasema ni jirani yake. "Basi mwambie apite hapa kwangu. Nitajua ni yeye akikaa."

Sisemi siogopi. Lakini ni tofauti kumwogopa mtu anayekungoja acheke. Danielle amenipa karatasi yenye muhuri inayosema mimi ni msanii wa kipindi cha mitaani. Nimeisoma mara nyingi. Neno msanii limeandikwa kwa mashine, haliwezi kufutika. Ameniuliza lini mchezo wa pili. Nimemwambia mzee wa mchezo ana masahihisho, na kwamba lazima nimuulize kwanza kama anakubali.

Kazi hapa imebaki rangi, na rangi haihitaji mbebaji. Mfanyabiashara alishuka kwenye gari juzi, mara ya kwanza, akatembea ndani ya nyumba yake. Alipofika pale ukumbini akasimama akatazama sakafu, akauliza: "Ni hapa mulipomwagia ile ndoo?" Tukasema ni hapa. Akasema pasipigwe msasa, pabaki hivyo hivyo.

Mwambie Joëlla aje kunipokea karibu na duka la Chabani. Chabani mwambie ndoo nitamletea nyingine. Nguo za mtoto zirudishe kabatini.

Baba mwambie hivi tu, maneno mengine nitayasema nimesimama: nitakuja na mama Nura, mchana, barabarani katikati, watu wakiniona. Kiti nitakibeba kichwani, miguu juu, ili asipate taabu ya kukigeuza. Ni Jumamosi ya tarehe 30, mkesha wa Pasaka.

Mume wako,
Honoré